Ufito Mikononi mwa Wazee

Nilipomaliza chuo cha ualimu nilipelekwa kufundisha katika shule ya misheni upande wa Muleba, na huko nikamkuta padre Mfaransa aliyewahi kuwa mrukaji wa upondo, mchezo wa kujirusha juu kwa mti mrefu. Wenyeji walijua tu kwamba anachechemea. Mengine alinisimulia mwenyewe, jioni, tukisahihisha madaftari. Utotoni alivuka mitaro ya shamba la baba yake kwa mti mrefu. Klabu ya mjini ikamchukua, akashinda katika jimbo lao, hatimaye akavaa fulana ya taifa lake. Kisha siku moja mwanzi ukamvunjikia hewani, goti likaharibika, na akiwa kitandani akaamua kuwa padre.

“Watu husema niliacha michezo kwa ajili ya Mungu,” aliniambia. “Si kweli. Michezo iliniacha kwanza.”

Sasa goti hilohilo lilitaka kumwondoa kwetu. Mkuu wa misheni aliona kwamba padre hawezi tena kupanda vilima kuwafikia wagonjwa, akataka arudi Ulaya. Padre mwenyewe alitaka kuzikwa hapa. Walibishana kwa majuma, mwisho wakakubaliana, nusu kwa mzaha: siku ya michezo ya shule, padre akivuka kwa upondo kimo cha mtu aliyeinua mkono, atabaki.

Siku ilipofika tulikuta nguzo za kuwekea ufito zimeliwa na mchwa. Wazee wawili wa kanisa wakajitolea kusimama juu ya mabenchi na kuubeba ufito. Niliwaelekeza: viganja wazi, ufito ulale tu, ukiguswa uanguke. Wakaitikia kwa adabu. Upande wa pili tulirundika nyasi kutoka rweya, zilezile ambazo akina mama huzikata mbugani na kuzitandika sakafuni.

“Atanasa juu kama kunguru,” mama mmoja alisema.

“Kunguru hana kanzu,” mwenzake akamjibu.

Padre aliifunga kanzu kiunoni, akakimbia. Goti lilimvuta upande, lakini ncha ya upondo ilishika ardhi naye akapaa. Mimi nilisimama pembeni, sambamba na ufito, kwa hiyo niliona. Alipofika juu, mikono ya wazee wote wawili ilishuka pamoja, taratibu, kama ya watu wanaopokea mtoto. Akapita bila kuugusa. Vigelegele vikajaa uwanjani, na mkuu wa misheni, aliyekuwa mbali kivulini, akavua kofia.

Padre alikuja moja kwa moja kwangu, nyasi zikiwa bado kichwani.

“Mwalimu, nimevuka?”

Hakuuliza kama mtu mwenye furaha. Mwili wake ulikuwa umekwisha kumwambia jambo, akataka kulisikia kwa mtu mwingine.

“Ufito ulishushwa, Padre,” nikasema.

Akaomba kurudia. Safari hii niliushika mimi na mwalimu mwenzangu. Aliukumba kwa kifua, akaanguka nao, na hakuweza kuinuka mpaka aliposhikwa.

Jioni mmoja wa wale wazee alinifuata darasani. Alikataa kiti.

“Mwalimu, mlango wa nyumba yangu ukoje?”

“Ni mfupi, mzee.”

“Padre akija kwangu, nafanya nini?”

“Unainua nyasi za paa zinazoinamia mlangoni, asiguswe kichwani.”

“Umewahi kusikia mtu akimwambia, Padre, leo hukuingia vizuri, nyasi ziliinuliwa?”

“Aliniuliza, mzee. Nisingeweza kumdanganya.”

“Nani amekutuma umdanganye? Ungesema umemwona akipita. Si alipita?”

Nilianza kumweleza juu ya haki na kipimo, maneno niliyoyapenda sana chuoni. Alinisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza, kisha akasema, “Waitu, mwenzetu, basi mfundishe huyo kipimo wako aje atuzike,” akatoka.

Tulimsindikiza padre hadi bandarini Bukoba. Kabla hajapanda meli, mzee yule alifungua kifurushi cha jani la mgomba chenye kahawa ya kutafuna, akampa kwanza msafiri, kisha akampitishia kila aliyekuwapo, mkubwa kwa mdogo. Kwetu kahawa hiyo hanyimwi hata mtu mliyegombana naye. Alipofika kwangu alilikunja jani, akalitia mfukoni.

Padre aliona. Nilitumaini kwamba yeye, aliyeniuliza na kujibiwa, angesema neno moja kwa ajili yangu. Bado akitafuna kahawa yake, alimgeukia mzee na kumwomba amshike mkono hadi kwenye ngazi. Wakaenda pamoja, mzee akiupunguza mwendo wake ili ulingane na ule wa goti bovu.