Kilio cha Kurekodi

Kituo cha televisheni nilichofanyia kazi Dar es Salaam kilikuwa kipya, na mimi, niliyetoka chuo kikuu nikidai sababu ya kila kitu, ndiye niliyeandika na kutayarisha vichekesho vyake. Mkuu wa vipindi alisema kazi zangu zinanuka darasa. Alitaka kitu cha watu. Nikawakumbuka watani wa kwetu Kabungu.

Kwetu mtani huja msibani akavaa nguo za marehemu, akaiga mwendo wake, sauti yake, uchoyo wake, mpaka wafiwa wacheke. Nilipanda treni na kamera hadi Mpanda, nikaendelea hadi nyumbani, nikamweleza baba mpango: mtani wetu, mama mmoja wa makamo, amwige yeye kana kwamba amekufa. Baba ndiyo kwanza alikuwa ametoka hospitali, kifua kikimsumbua. Mama yangu aliinuka akaenda jikoni. Baba alicheka, akasema kama itanisaidia kazini, aigwe tu.

Mtani hakutaka. "Mimi naiga waliokwisha kwenda," alisema. "Huyu bado anakula ugali."

Nikamwambia kifo hakina masikio.

Akanitazama. "Nani kakwambia?"

Baba ndiye aliyembembeleza mpaka akakubali. Akavaa koti la baba, akakohoa kikohozi chake hasa, akawagombeza kuku kama yeye. Nikawaomba wanawake wa jirani walie kidogo, kamera ipate sauti. Wakalia vizuri mno.

Kwetu kilio hakiulizwi. Kikisikika, watu huacha jembe. Hata kabla sijabadilisha kanda, waliingia watu na kuni kichwani; baadaye wengine wakafika kwa baiskeli kutoka Kasekese, wamebeba unga. Walimkuta marehemu amekaa kwenye kiti. Mzee mmoja alimshika mkono, akaupapasa kwanza ndipo akamsalimu. Baba aliwaomba radhi wote, akatania kwamba nyie mmewahi mno. Wachache walicheka. Lakini unga ulioletwa msibani haurudi ulikotoka. Walipoondoka ulibaki pale ukutani, na mama alikataa kuupika.

Dar walicheka hadi machozi. Mkuu akataka vipindi vingine, baba yule yule, mtani yule yule. Nikaandika barua nyumbani.

Dada yangu ndiye aliyejibu. Baba anasema kamera ije tu. Ila kikohozi kimerudi, na siku hizi asubuhi anampeleka mama shambani kumwonyesha mipaka. Mtani amekataa. Ametuma maneno, na dada aliyaandika kama yalivyosemwa: "Mwambieni huyo, kazi ya baba yake nimeshaimaliza. Sirudii."

Nilisoma barua mara tatu, nikitafuta hoja ya kumjibu mtani. Chuoni nisingekosa hata moja.

Mkuu alipita mezani kwangu kuuliza nasafiri lini. Nikamwambia kesho, na kamera nitaiacha.