Ndege Niliyoiosha

Mimi na uchafu hatukai nyumba moja. Ndiyo maana Ijumaa ile, huku Rockville, Marekani, mzee niliyekuwa nikimtunza aliposinzia baada ya chakula cha mchana, niliishusha ndege yake kutoka kwenye rafu nikaiosha kwa sabuni ya vyombo na mswaki mkuukuu.

Ilikuwa ndege ya mfano, ndefu kama mkono wangu toka kiwiko, mabawa juu na chini, kiti cha rubani na nyuma yake cha mpelelezi. Waitaliano walioivamia Ethiopia waliiita Ro.1. Mzee, Mmarekani mweusi aliyejifunza Kiswahili chuoni, aliniambia mara nyingi: "Hii ilitangulia kuichungulia Ethiopia, binti yangu. Zenye mabomu zilifuata." Lakini mimi nilichoona ni vumbi na madoa ya oili tumboni.

Alipoamka aliikuta inang'aa mezani. Akaigusa kwa kidole kinachotetemeka.

"Umeliondoa vumbi langu."

"Si ilikuwa chafu, Mzee?"

"Nililichora. Ndiyo kazi ya mwisho niliyoimaliza kabla mikono haijaharibika."

Nilikasirika kwanza, sitaficha. Nani anachora uchafu? Kisha aibu ikanishika. Halafu nikatazama saa: saa nane na nusu. Bintiye huja saa kumi, na siku ya kwanza alinionya nisiiguse rafu ile. Mtunzaji aliyenitangulia aliigusa, akafutwa kazi.

Nilijifungia bafuni nikampigia mwenzangu wa Beltsville, naye mtunza wazee.

"Wee! Si uliambiwa usitouch?" akanong'ona. "Huyo binti yake akikureport kwa agency iliyokuajiri, umeisha."

Maji yakimwagika hayazoleki, na yangu yalikuwa yameshashuka na rangi ya watu. Nilitoka nikiwa tayari kufungasha virago.

Mzee alikuwa ameketi mezani na brashi nyembamba na vikopo vya rangi ambavyo vidole vyake vilishindwa kuvifungua.

"Fungua," alisema. "Umelitoa, utalirudisha."

Nikafungua. Rangi ilikuwa ya kijivu.

"Hili vumbi la wapi, Mzee?"

"La kwenye picha. Picha zote ni nyeusi na nyeupe."

"Mimi nimelelewa Isiolo, njia ya kwenda Ethiopia. Vumbi letu ni jekundu."

Akanisogezea kikopo kingine. "Basi nionyeshe."

Nilikumbuka lori la baba. Vumbi hukamata kwanza palipovuja oili, kisha nyuma ya magurudumu, kisha tumbo zima. Yeye alielekeza, mimi nikapaka. Saa tisa na nusu bawa moja lilikuwa bado safi. Saa kumi kasoro dakika tano nikasikia gari likizimwa nje. Nilitaka kuificha brashi, mzee akanipokonya.

Bintiye aliingia, akasimama. Ndege haikuwa ya kijivu tena.

"Nani ameigusa?" aliuliza kwa Kiingereza.

"Mimi," mzee akajibu, kwa Kiswahili ambacho bintiye anakielewa ila hakisemi.

Brashi ilimcheza mzee mkononi ikamwaga matone mekundu mezani. Bintiye aliutazama mkono ule. Kisha akatazama kucha zangu, zote zimejaa vumbi la Isiolo.

Alivua koti, akavuta kiti akaketi karibu na babaye.

"Bawa hili bado," alisema kwa Kiingereza, akanisogezea kikopo.