Mnyoo wa Tewa Mjini Lodwar

Nilifika Lodwar nikiwa nimepakata boksi la chupa za matamvua ya samaki wa baharini, na safari nzima sikumruhusu mtu mwingine alishike. Matamvua ni yale majani mekundu yaliyo ndani ya mashavu ya samaki, anayopumulia. Yangu hayakuwa mekundu tena. Dawa ya kuyahifadhi ilikuwa imeyageuza rangi ya chai ya maziwa. Ndani ya basi la kutoka Mombasa, mama aliyeketi kando yangu aliniuliza kama ile ni achari. Nikamwambia si achari, ni minyoo. Kabla hatujafika Voi alikuwa amehamia kiti cha nyuma.

Kitale nilikaa siku mbili nikisubiri lori, kwa sababu magari ya kaskazini yalikwenda kwa msafara kwa hofu ya majambazi, askari mbele na askari nyuma, na msafara haukuondoka mpaka askari wapatikane. Nilipanda juu ya magunia ya unga. Tulipomaliza kuteremka milima, joto lilikuwa likitungoja chini. Lami ilikuwa imechimbika hata dereva akaiacha, akaendesha kando yake mchangani, na lami ikabaki pale kama mtu mliyekosana naye. Nilikuwa na miaka ishirini na kidogo, cheti cha kidato cha nne, na miguu isiyotulia. Sasa nimepita arobaini na bado haijatulia.

Aliyenituma tulimwita Daktari, ingawa hakuwahi kumtibu mtu. Kazi yake ilikuwa minyoo bapa wanaoishi kwenye matamvua ya samaki wa baharini kama tewa, changu na kolekole. Pwani, mimi nilipasua, yeye akahesabu. Kisha akaingiwa na hamu ya kujua kama samaki wa Ziwa Turkana, walio mbali na bahari namna ile, nao wana ndugu wa minyoo hao. Akanipa hadubini na minyoo wa baharini wa kulinganishia, akaniahidi kwamba atakuja kunitembelea kila baada ya miezi miwili. Kuhusu Lodwar alisema tu, "Pakavu kidogo."

Nilipewa chumba cha mabati nyuma ya hoteli ya mama mmoja wa Kiturkana. Ukame ulikuwa umemaliza mbuzi wake, na hoteli ile ndiyo mali pekee aliyobaki nayo. Kila asubuhi pikapu ilimletea samaki wabichi kutoka ziwani, wamefunikwa magunia yaliyoloweshwa maji. Tulielewana siku ya kwanza: mimi nimparie samaki wake, yeye aniachie matamvua.

"Hiyo kitu ya kutupa?" aliuliza.

"Hiyo hiyo, mama."

"Kwani Mombasa hakuna kazi?"

Wateja wake wa mchana walikuwa makarani, walimu na wauguzi, watu wa bara waliotumwa kazi kule na ambao kila siku walizungumzia uhamisho. Wachungaji wa mifugo wenyewe, hasa wenye umri, hawakuja. Kwao, anayekula samaki ni mtu aliyeishiwa mbuzi.

Siku moja karani wa ofisi ya maji, mnene, mwenye maneno mengi, alikuja chumbani kwangu baada ya chakula pamoja na mwalimu rafiki yake.

"Hebu tuone hii sinema yako."

Hapo ndipo nilipokosea. Minyoo niliokuwa nimewapata kwa samaki wa ziwani walikuwa wadogo, wembamba, wasio na sura. Niliona aibu kuwaonyesha wageni kitu kama kile baada ya kuja mbali hivyo. Nikachukua kipande cha kioo chenye mnyoo wa tewa, ambaye Daktari mwenyewe alikuwa amempaka rangi nyekundu, mkubwa, mwenye kulabu za kupendeza. Karani akaweka jicho. 

"Huyu ana kulabu."

"Anajishikiza nazo kwenye tamvua, asichukuliwe na maji."

"Lakini ziko nyuma!"

"Hujishikiza kwa nyuma, ili mdomo ubaki huru kula."

"Yaani amekalia kiti na hatoki, kazi yake kula tu? Huyu ni mbunge."

Mwalimu naye akatazama kwa muda mrefu. "Na huyu anatoka kwa samaki?"

"Anatoka kwa samaki," nikasema.

Sikusema samaki gani. Waliniacha nikiwa nimejaa fahari.

Kesho yake hotelini walikuja watu watatu, na wote waliagiza chai. Ijumaa hakuja mtu. Nilisikia sokoni kwamba mnyoo wenyewe ana urefu wa kamba ya kiatu na kwamba anaingia kwa mtu kupitia puani. Karani na wenzake walikuwa wamehamia kibanda cha maharagwe ng'ambo ya barabara, na kutoka kule waliitazama hoteli ya mama kwa huruma.

Mama alikuja mlangoni kwangu, ameshika mwiko.

"Wewe Mswahili, toka nje. Watu yangu iko wapi?"

Nikaanza kumweleza kwamba minyoo hawa hawawezi kuishi kwa binadamu, na kwamba hata kwa samaki wa aina nyingine mara nyingi hawaishi.

"Hiyo najua! Chawa ya mbuzi inaweza kukaa kwa kichwa yako? Mimi nimechunga mbuzi tangu mtoto. Minyoo si shida. Shida ni hii chuma yako ya kuangalia."

Nikaona nimwambie yote. Nikamwambia kwamba yule mnyoo hata si wa ziwani, ni wa Mombasa, na nimekuja naye ndani ya chupa. Nikasema nitakwenda niwaeleze watu ukweli.

Akakaa juu ya ndoo iliyofudikizwa, akafikiri.

"Ukisema umeleta minyoo hapa kwa chupa, watachoma wewe na hii nyumba. Na nyumba ni yangu. Nyamaza."

Nikatii. Akaigeukia hadubini.

"Hii chuma inaangalia samaki peke yake?"

"Inaangalia kitu chochote."

"Chochote?" Akainuka. Sikumwona tena siku ile.

Jumamosi alifika na karani, mwalimu na muuguzi mmoja, ambao alikuwa amewaita mwenyewe nyumbani kwao, na kwa jinsi walivyotembea mbele yake niliona kwamba hawakupewa nafasi ya kukataa. Ndani ya pembe za kanga alikuwa amefunga vitu. Cha kwanza kilikuwa maharagwe ya kibanda cha ng'ambo. Nikalipasua moja, nikaweka.

"Mama yangu!" karani akaruka. "Hiki ni nini, kifaru?"

"Ni dudu wa maharagwe," nikasema.

Ukafuata unga wa ngano wa duka lililowauzia wapika mandazi wote wa mji, uliokaa kwenye gunia moja tangu mvua ya mwisho. Chini ya hadubini unga ule ulikuwa unatembea.

"Huu ndio wa mandazi?" mwalimu akauliza kwa sauti ndogo.

"Ulikula ngapi leo?" mama akamuuliza. Mwalimu akajipangusa midomo.

Cha tatu kilikuwa ini la ng'ombe. Hilo halikuhitaji hadubini, kwa maana mnyoo wake, ambaye pia ni bapa, ndugu wa wale wangu, alionekana kwa macho, mpana kama jani. Muuguzi akatoka nje kupunga upepo. Mama akamgeukia karani.

"Sasa wewe. Leta nywele moja."

Karani akavaa kofia yake, akaishika kwa mikono miwili.

"Sawa. Umeona chakula ya Lodwar yote," mama akasema. "Chagua."

"Basi tutakula nini?" mwalimu aliuliza, na nadhani kweli alitaka kujua.

"Samaki. Yangu nitatoa matamvua mbele ya macho yako. Nani atatolea wewe maharagwe dudu moja moja?"

Jumatatu walirudi wote. Mama aliweka meza mlangoni, akafungua mashavu ya kila samaki mbele ya mteja, akang'oa matamvua, akayatupa kwenye ndoo yangu. Kwa muda wa majuma mawili nilifanya kazi vizuri kuliko wakati mwingine wowote.

Kisha dereva wa pikapu akapeleka habari ziwani kwamba Lodwar samaki asiye na matamvua anauzika haraka. Wavuvi wakaanza kuyang'oa ufukweni na kuwatupia ndege. Samaki wakaja na mashavu matupu, na ndoo yangu ikabaki kavu. Niliendelea kuwapara kwa mazoea tu.

Daktari aliandika barua: tafuta popote. Nikasikia kwamba Kakuma kuna Msudani anayepata samaki wabichi kwa njia nyingine, kutoka Lowarengak, upande wa kaskazini wa ziwa. Nikapanda lori. Nilimkuta kwenye soko la kambi ya wakimbizi, mtu mrefu mwenye msalaba shingoni, na kreti lake chini ya turubai.

"Karibu, ya akhui, ndugu yangu! Samaki safi. Angalia, hakuna matamvua."

Nikafungua shavu la mmoja: tupu. "Kwa nini umeyatoa?"

"Wewe hujui? Lodwar iko mtu na mashine. Anaonyesha watu minyoo, kubwa hivi." Akapima kutoka kidoleni hadi kiwikoni. "Iko na pembe."

"Umemwona huyo mtu?"

"Mimi hapana. Watu wameona. Mtu mbaya sana. Lakini sasa biashara ni nzuri."

Nikanunua samaki mmoja, wakanikaangia, nikamla pale pale. Alikuwa mtamu.

Daktari alipokuja alizunguka nami soko zima akifungua mashavu ya samaki, na kila alipofungua alisema "hm." Jioni akaniambia kwamba hawezi kuniweka mahali pasipo na matamvua. Akarudi pwani na hadubini. Mimi sikutaka kurudi naye. Nilikuwa nimeonja barabara.

Lori langu liliondoka mchana. Nilipitia hotelini kuaga, nikakuta imejaa hadi mlangoni, na mama yuko kwenye karai la mafuta, jasho linamtiririka.

"Unaenda?"

"Naenda, mama."

"Mombasa?"

"Kwanza Kitale. Mbele nitajua."

"Karani, simama, huyu akae!"

"Asimame yeye," karani akasema, mdomo umejaa. "Anaenda kukaa kwa lori siku mbili."

Nikala nimesimama, sahani kiganjani. Honi ikalia kabla sijafika nusu. Mama akaninyang'anya sahani, akafunga samaki aliyebaki kwenye gazeti, akanishindilia kifuani, kisha akamgeukia mteja mgeni aliyekuwa mlangoni akisitasita.

"Kuja ndani, usiogope," nilimsikia akimwambia. "Weka kidole hapa ndani ya shavu. Umepata kitu?"