Kaseti ya Haiti Ilivyopata Ruhusa ya Harusi

Haya niliyaona mwenyewe, kwa macho yangu haya mawili, kwenye kibanda cha kurekodi kaseti pale Makambako, kwa hiyo asinibishie mtu.

Ilikuwa miaka ya ruksa, bidhaa za nje zimefunguliwa milango, redio kaseti zimejaa madukani. Kijana mmoja wa Njombe alitaka harusi yake ipigwe muziki wa bendi ya Haiti, kaseti aliyoileta dereva wa lori kutoka bandarini. Mama yake, mwanakwaya, alikuwa amekunja mikono kifuani.

"Dansi la baa halipigwi kwenye harusi ya mwanangu."

"Si la baa, mama," dereva akasema. "Hii ni kompa, muziki wa kwao Haiti. Bendi yenyewe inamzidi bwana harusi umri. Wazee wakichoka, vijana wanapokea magita, jina linabaki. Mhaiti aliye ugenini akiisikia tu, kafika kwao."

"Kama kwaya yetu?"

"Kama kwaya yenu. Ila hawa hucheza wameshikana."

"Wameshikana?" Mama akalivuta koti lake. "Kwa baridi yetu ya Njombe, hao watu wana akili! Hebu weka."

Gita likaanza kubembeleza. Bega moja likatikisika, la pili likafuata. Akamkamata dereva kiunoni, akamzungusha huku akimkanyaga vidole vya miguu, mpaka kwenye magunia ya mahindi ya jirani.

"Ipigwe!" akamwambia mwanawe, akihema. "Lakini mchungaji akishaondoka."

Wanaosema muziki wa kigeni unatuharibu, waende wakambishie mama yule.

Nimetunga kitu kimoja tu: dereva. Kaseti ilikuwa yangu, na vidole vilivyokanyagwa ni hivi.