Bibi wa Kiti cha Kushoto

Mnaonijua, naomba msicheke kwanza. Najua mimi ndiye niliyemwambia pasta kwamba shule yetu imefungwa kwa sababu chui ametoroka, na kanisa zima likasimama kuwaombea wanafunzi. Najua. Lakini hiki ninachoandika hapa sijakitia chumvi hata punje moja. Nimeapa mbele ya mama akiwa ameshika mwiko, na anayemjua mama anajua kwamba mbele ya mwiko ule hakuna utani. Kama bado huamini, muulize yaya Furaha. Yeye hajatania tangu azaliwe.

Yaya Furaha ni dada yangu mkubwa. Siku za kazi anapanga maboksi ghalani Mesquite, na Jumamosi usiku anatembeza wageni. Anawapakia kwenye kibasi chetu na kuwazungusha Dallas kwenye maegesho wanakokutana wapenzi wa magari ya Kijapani. Boneti zote wazi, taa za rangi chini ya gari, na wanaume wenye ndevu wanabishana nusu saa juu ya boliti moja. Mimi nashika maiki, naeleza. Nusu ya ninayoeleza ni kweli.

Kibasi chenyewe ni cha Kijapani, cha zamani, rangi ya fedha, usukani kulia. Wamarekani wakiuona ule usukani wanapagawa, wanapiga picha, wanaomba waushike kidogo tu. Sisi tunacheka kimoyomoyo. Kule Bukavu, Kongo, walikotoka wazazi wetu, hiyo ni taksi tu. Tena Bukavu magari yana usukani kulia na barabarani watu wanapita kulia vilevile, kama hapa Texas. Maana yake dereva amekaa ukingoni. Akiwa nyuma ya lori haoni kitu. Basi anayekaa kiti cha kushoto ndiye macho yake. Dereva anauliza, "Niingie?" Wa kushoto anachungulia, anajibu "Bado" au "Ingia." Baba aliendesha hivyo miaka yake yote ya taksi, na alitufundisha sheria moja: garini, mwenye neno ni wa kiti cha kushoto. Hata kama ni mtoto. Hata kama ni mimi.

Halafu kuna sauti. Ukiwasha gari lile, mama mmoja wa Kijapani anasema taratibu, "Kaado ga sonyuu sarete imasen." Mama yangu aliamini kabisa kwamba ni baraka za safari, akatuzoesha kuitikia, "Asante, bibi." Siku moja mgeni anayejua Kijapani akatueleza kwamba bibi anasema kadi ya kulipia barabara haijaingizwa. Tulicheka mpaka mbavu zikauma. Lakini hatukuacha kuitikia. Wewe ungeacha? Mtu anakusemesha kila siku kwa adabu, halafu unyamaze?

Sasa, usiku ninaousema ulipangwa uwe wa mwisho. Yaya alikuwa amepata mnunuzi wa kibasi huko Houston, Mtanzania anayeitwa kaka Sudi. Alichotaka ni injini tu. Mengine yote, alisema kwenye simu, atayakatakata. Yaya alitaka kuanza shule ya uuguzi, na nyumbani kwetu Vickery Meadow hakuna kitu kingine cha kuuza, labda mimi, na mimi hakuna anayenitaka. Kwa hiyo tukapanga ziara ya kuaga: tunaanzia Dallas, tunamalizia Houston kwenye mkusanyiko mkubwa wa magari, kibasi kinabaki huko, sisi tunarudi na basi. Nilimnunia wiki nzima. Nilimwelewa, lakini nilimnunia.

Wageni walipaswa kuwa watatu. Vijana wawili wa Fort Worth, Cody na rafiki yake asiyeongea, na anti Nyambura, nesi Mkenya anayekaa Missouri City, kando ya Houston, ambaye alikuja Dallas harusini akaona afadhali arudi kwake na usafiri wenye burudani. Tulipofika kuwachukua stesheni ya treni, wakawa wanne.

Wa nne alikuwa bibi mfupi wa Kijapani, koti lake la rangi ya fedha, kiraka kwenye kiwiko cha kushoto. Alikuwa anachechemea. Yaya akadhani nimemwandikisha mimi. Mimi nikadhani kamwandikisha yeye. Bibi hakutungoja tukubaliane. Akafungua mlango wa mbele kushoto, akakaa kwenye kiti changu, akafunga mkanda. Niamini, mkanda ule haufungi mpaka uuvute, uuachie, kisha uutukane kidogo. Yeye aliufunga bila hata kuangalia.

"Bibi, hicho ni kiti cha kazi," nikamwambia.

"Mwache mzee akae," yaya akanikata. "Rudi nyuma na mdomo wako."

Akawasha. Injini ikanguruma vizuri tu, lakini sauti haikutoka. Hakuna kaado, hakuna chochote. Tulikuwa tumeshafungua midomo kuitikia, tukabaki hivyohivyo.

"Leo bibi kanuna," nikasema.

Yule bibi akageuka, akaniangalia, akatabasamu. Nywele za shingoni zilinisimama, nami nikajifanya ni kiyoyozi.

Kituo chetu cha kwanza kilikuwa paa la jengo la maegesho. Magari yalikuwa mengi usiku ule, mengine yana umri mkubwa kuliko yaya, yameng'arishwa kama viatu vya Jumapili. Bibi akashuka, akaanza kupita katikati yake kama mke wa pasta anavyopita kati ya watoto baada ya ibada, huyu anamgusa kichwa, yule anamshika shavu. Na kila boneti aliyoigusa, gari liliongea. Yalikuwa yamezimwa yote! Wenyewe wamesimama pembeni na soda mkononi, funguo mfukoni. "Kaado ga" huku, "Kaado ga" kule, mpaka paa zima likawa kama kwaya inayotafuta sauti. Na unajua watu wote walimgeukia nani?

"Acha ujinga wako, dogo," jamaa mmoja akanifokea. "Zima hicho kitu."

"Sijashika kitu!" nikainua mikono. Ndiyo mara yangu ya kwanza kusingiziwa, na hakuna hata mmoja aliyenitetea.

Wakati wa kuondoka, anti Nyambura akamwona bibi anavyopanda kwa taabu. "Wee, shosho, hilo goti limekusumbua tangu lini? Hebu nione." Bibi akakunjua tu mguu wa kushoto. Anti akachuchumaa mlangoni, akatoa kichupa cha dawa ya kuchua kwenye mkoba, akaanza kazi. Baadaye akanivuta kando.

"Aki ya nani, hilo goti ni moto kama sufuria. Tukifika Houston lazima aonwe na daktari."

"Si umempima mapigo?"

"Nimempima." Akajifuta viganja kwenye gauni. "Yako sawasawa mno. Hayapandi, hayashuki. Kijana, nimefanya hii kazi miaka mingi, na moyo wa mtu hauendi hivyo."

Ungetegemea tuanze kuuliza maswali, sivyo? Lakini tulikuwa tumechelewa, kaka Sudi alikuwa anapiga simu, na bibi alikuwa mpole. Mtu mpole hakuna anayemuuliza maswali.

Barabara ya kwenda Houston usiku ni giza na malori. Ukishapita miji ya mwisho huoni kitu ila taa nyekundu za mwenzako wa mbele. Sisi tuliangukia nyuma ya lori la ng'ombe. Mwendo wake wa konokono, harufu yake siwezi kuisimulia. Ng'ombe walikuwa wanatuangalia kupitia matundu kana kwamba wao ndio waliolipia ziara.

"Niingie?" yaya akauliza kwa mazoea, macho mbele.

Nikafungua mdomo kujibu. Lakini jibu likatoka kiti cha mbele.

"Bado, yaya."

Kwa Kiswahili. Kiswahili chetu cha nyumbani. Na si hivyo tu: kwa namna yangu, ule uvivu ninaouweka mwishoni mwa neno ambao mama kila siku anaugombeza. Kabla sijapata pumzi, pikapu isiyowashwa taa ikapita kushoto kwetu kama risasi. Kama yaya angeingia, leo msingekuwa mnasoma hiki.

Hata Cody, aliyekuwa ametuelimisha juu ya vipuri tangu Dallas, aliacha vipuri akashika kiti cha mbele yake kwa mikono miwili.

Baada ya muda yaya akauliza tena, sauti imepungua. "Sasa?"

"Bado, yaya."

Mimi nikageuka, nikapiga magoti kwenye kiti cha mwisho, nikaangalia kioo cha nyuma. Barabara tupu. Nikaangalia ubavuni. Tupu.

"Yaya, ingia! Hakuna hata panya!"

"Unatania?"

"Sitanii! Naapa!"

Naomba upate picha. Dada yako ana usukani, watu wako nyuma yako, wewe unaona barabara nyeupe, na bibi usiyemjua, mwenye goti la moto, anasema hapana. Na wewe ndiwe uliyedanganya kanisa kuhusu chui. Yaya aliniangalia kwenye kioo, akamwangalia bibi, akauma mdomo.

"Sheria ni ya kiti," akasema. "Si ya mtu."

Akabaki nyuma ya ng'ombe. Tukatambaa. Kila akiuliza, jibu ni lilelile, taratibu, bila hasira. Simu ya yaya ilikuwa inalia na hakuna aliyeipokea. Cody akauliza kama hii ni sehemu ya ziara. Nikamjibu ndiyo, ni ziada.

Kisha, mbele kidogo, taa za kituo cha mafuta zikaonekana upande wa kulia. Bibi akanyoosha kidole.

"Ingia."

Yaya akakata kulia, akasimama chini ya taa. Tuliposimama, kitu chini ya gari kiliguna. Mguno wa mtu anayeketi baada ya kusimama siku nzima.

Nikaruka nje, nikazunguka, nikafungua mlango wa kushoto. Nilikuwa nimeandaa maneno makali.

Kiti kilikuwa kitupu. Mkanda umefungwa. Umefungwa vizuri, umelegea kidogo tumboni, kama unavyokaa mtu akiwa ndani yake. Nikagusa kiti, kina joto. Na pale pote palinuka dawa ya kuchua.

"Shosho ameenda choo?" anti Nyambura akauliza nyuma yangu. Mlango ulikuwa haujafunguliwa na mtu ila mimi. Sote tulijua.

Cody ndiye aliyeona moshi. Mwembamba, unatoka gurudumu la mbele kushoto. Akaomba jeki, akaliinua kidogo, akalishika tairi kwa juu na kwa chini, akalitikisa. Likacheza kama jino la mtoto linalotaka kung'oka.

"Beringi imekwisha," akasema, na uso wake ulikuwa umebadilika. "Mngekimbia hata kidogo, hili lingechomoka."

Anti Nyambura akainama na tochi ya simu. Katikati ya gurudumu, kwenye chuma chenyewe, palikuwa na kitu kinang'aa kama mafuta. Akanusa. Akaangalia kichupa chake, akaangalia gurudumu, akakaa chini kwenye lami na gauni lake la kuendea harusini.

"Yesu," akasema. "Nimechua gari."

Simu ya yaya ikalia tena. Akaweka sauti ya nje.

"Dada, mmefika?" Ni kaka Sudi.

Yaya akaangalia lile gurudumu. Akaangalia kiti na mkanda wake.

"Bado," akasema.

"Sasa niwangoje mpaka saa ngapi?"

"Bado, kaka." Akakata.

Kisha akapanda, akazungusha ufunguo. Hakutaka kwenda popote, alitaka kusikia tu. Na ikatoka, laini kama siku zote, mbovu kidogo kwenye spika ya kushoto: kadi haijaingizwa. Wa kwanza kuitikia alikuwa yule rafiki wa Cody asiyeongea. Alikuwa amenisikia mara moja tu kule stesheni nikimweleza mtu jinsi tunavyoitikia, na akaikumbuka. "Asante, bibi," akasema kwa Kiswahili kibovu kabisa, na sisi wote tukafuata.

Ndugu wa anti walikuja kuwachukua wageni, gari la kuvuta likatuchukua sisi. Kibasi hakikuuzwa. Yaya alianza uuguzi muhula uliofuata, polepole, somo mojamoja, na Jumamosi bado anatembeza watu huku amebandika majina ya mifupa kwenye dashibodi. Mama, alipopata habari, alishuka na chupa ya mafuta ya upako kukemea pepo. Akalizunguka gari akikemea kwa sauti mpaka majirani wakafungua madirisha. Alipofika kwenye gurudumu la kushoto akanyamaza, akalipaka.

Mimi? Wenzangu wa shule wamenikuta mara mbili nikilichua gurudumu lile kwa dawa, na wamenicheka vya kutosha. Sikai tena kiti cha kushoto bila kubisha hodi. Mkanda siku hizi unafunga bila matusi. Na kuna kitu kimoja ambacho sijamwambia mama: njiani, yaya akiuliza "Niingie?", mara nyingine mdomo wangu unasema "Bado" kabla macho yangu hayajaona kitu. Mimi, ambaye mdomo wangu haujawahi kunitangulia kwa jambo la maana. Na kila mara, baada ya hapo, kitu hupita.

Kwa hiyo sikilizeni. Ukipanda gari kuukuu la Kijapani likakusemesha, itikia, hata kama linadai kadi. Na Jumamosi usiku ukimkuta bibi mfupi mwenye koti la rangi ya fedha anangoja kiti cha mbele, mpe. Usimuulize jina lake. Muulize goti.