Shangazi Alipokataa Kufunga Mkutano

Mtwara. Baba ndiye aliyenituma. Miguu yake ilikuwa imeshachoka, na habari iliyofika sokoni ilimnyima usingizi: kwamba dada yake, Bi. Zuhura Sualehe, kiongozi wa wabunge wa chama chake kule Msumbiji, amekubali kijiji walikozaliwa kihamishwe kupisha mtambo wa gesi. Miaka ile gesi ilikuwa mdomoni mwa kila mtu, kwetu na ng'ambo ya Ruvuma. Baba hakutaka kusikia habari za gesi. Alitaka kujua kama makaburi ya wazazi wao yametolewa.

"Usiniletee maneno ya sokoni," aliniambia. "Muulize yeye, akujibu yeye."

Nikaomba ruhusa shuleni ninakofundisha, nikaondoka.

Mtoni Ruvuma. Nilifika kivukoni Kilambo jua halijawa kali. Maji yalikuwa yamepungua, pantoni imelala mchangani, hivyo tukavushwa kwa boti ndogo iliyozunguka mafungu ya mchanga huku viboko wakitutazama. Karibu nami alikaa mama muuza vitenge. Nilipomtajia ninayemwendea, akasema amesoma na Zuhura upande wetu, wakati wa vita vya kumwondoa Mreno. Akanisimulia mambo ambayo nyumbani hayasemwi sana. Shangazi aliuvuka mto huu akiwa mgongoni mwa mama yake. Alisoma kwa Kiswahili, na uhuru ulipopatikana akarudi kwao bila neno hata moja la Kireno, akawekwa darasa moja na watoto wadogo waliomcheka. Haikupita miaka mingi, wazazi wa watoto hao hao wakawa wanamchukua kila wanapoitwa ofisini, awasemee.

"Yule hashindwi kwa mdomo," alimalizia. "Ila tangu akae Maputo, sijui mdomo wake ni wa nani."

Kionga. Baada ya kugongewa muhuri mpakani Namoto nilipanda pikipiki hadi Kionga, kwa shemeji yake baba, Bwana Bakari. Alinikaribisha vizuri, tukala wali na samaki wa nazi, lakini jina la shangazi lilipotajwa uso wake ukabadilika. Yeye ndiye aliyezunguka naye vijijini kwa miguu alipoomba kura mara ya kwanza, wakati huo Zuhura akiwa mwalimu wa shule ya msingi asiye na gari wala jamaa mkubwa. Alimwona akipanda. Bungeni alizijua kanuni hata wanaume waliomzidi umri wakawa wanamuuliza kabla ya kusimama. Mwishowe akapewa kuongoza bankada, ndivyo wanavyoliita kundi la wabunge wa chama kimoja. Siku hiyo Bwana Bakari alichinja mbuzi.

Kisha akamsikia redioni akisema wananchi wa pwani wameipokea gesi kwa furaha.

"Furaha ipi?" aliniuliza, kana kwamba nimeisema mimi. "Aliiona wapi?"

Nilipoaga hakunipa salamu za kumpelekea.

Palma. Niliingia mji alasiri. Magari meupe yalikuwa yanapishana kwenye barabara ya vumbi, vyumba vya wageni vimejaa watu wenye kofia ngumu, na sokoni akina mama walinung'unika kwamba samaki wakubwa wanakwenda hotelini, wao wanabaki na dagaa. Shangazi nilimkuta nyumbani kwake, barazani, akitazama ghuba ya Tungue. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia, akanishika mkono na hakuuachia.

"Kaka yangu amekutuma uniulize," alisema.

Nikamuuliza. Hakukasirika. Alisema hajakubali lolote, lakini maneno ya redioni ni yake. Aliandikiwa na chama, akayasoma. Sasa wamempangia jingine. Kesho kutakuwa na mkutano Mwambani, kijijini kwao, naye ndiye wa kuufunga, kwa kuwashukuru wananchi kwa kuridhia. Nikataka kujua atafanya nini.

"Utakaa karibu nami," alijibu. "Kaka yangu utampelekea ulichokiona."

Mwambani. Asubuhi tulikuta turubai limetandazwa, viti vimepangwa kwa ajili ya wageni, wenyeji wameketi kwenye mikeka. Ofisa wa mkoa alizungumza Kireno kirefu, na kijana mwenye shati jeupe akawa anatafsiri kwa Kiswahili. Alitafsiri shule, zahanati, nyumba za bati. Kisha ofisa akasema sentensi moja fupi, na kijana akaigeuza hivi: "Mnaombwa mfikirie kukubali."

Shangazi alisimama. Zamu yake ilikuwa bado.

"Hakusema hivyo," alisema kwa Kiswahili, bila kupaza sauti. "Amesema mmeshakubali."

Mikekani watu wakageukiana. Kijana alitazama chini. Ofisa aliuliza kuna nini, na shangazi akamweleza kwa Kireno, kisha akakirudia kila alichomwambia kwa Kiswahili, ili asisemwe ameongea pembeni. Ofisa alitabasamu, akamwomba Mheshimiwa akumbuke nafasi yake kama kiongozi wa bankada. Hilo nalo akatutafsiria.

"Nafasi hiyo nilipewa na chama, na chama kinaweza kuichukua," alimjibu. "Hapa nimezaliwa."

Akawageukia watu, akawauliza kama wamekubali. Kisha akasimama Bi. Fatu, mvuvi wa pweza mwenye kanga iliyolowa mpaka magotini, akasema kwamba hawajaulizwa bado, wangekubalije? Baada yake wakasimama wengine, wanaume kwa wanawake. Mmoja aliuliza habari za makaburi, mwingine njia ya kushukia pwani, mwingine mikorosho ya baba yake. Shangazi alitafsiri kila neno, hata matusi mawili matatu.

"Mkutano huu sitaufunga," alimwambia ofisa mwishoni. "Haujaanza."

Mute. Kesho yake shangazi aliitwa Maputo. Dereva aliyekuwa amepewa na chama alikuwa ameondoka na gari bila kuaga, tukakodi jingine kuelekea Mocímboa da Praia, kwenye uwanja wa ndege. Kijijini Mute, akina mama waliokuwa wakitoka shambani walisimama katikati ya njia mpaka tukazima injini. Habari ilikuwa imetutangulia. Walimtaka aje siku mkutano utakapofika kwao. Shangazi aliwaonya kwamba huenda siku hiyo hatakuwa kiongozi tena.

"Sisi hatuombi kiongozi," mmoja alimjibu. "Tunaomba anayejua Kireno."

Shangazi alicheka kwa mara ya kwanza tangu nifike.

Mocímboa da Praia. Tulikuwa tunakula samaki wa kuchoma karibu na bandari, wachukuzi wakipakia magunia ya saruji, simu ya shangazi ilipolia. Alisikiliza, akasema ameelewa, akairudisha mkobani, akaendelea kula. Alikuwa amevuliwa uongozi. Nilimuuliza kama wakimtaka aombe radhi ataomba.

"Radhi ya nini?" alisema. "Ya kutafsiri?"

Kurudi. Baba alinisikiliza hadi mwisho, akaniomba nirudie pale kwenye sentensi ya ofisa. Nikarudia. Akafunika uso kwa kofia yake, kisha akataka apigiwe simu dada yake. Walizungumza mpaka salio likaisha.

Mkutano ulirudiwa, safari hii kwa Kiswahili na Kimwani, lugha ya pwani ile, na ukachukua siku kadhaa. Sitadanganya kwamba kijiji kilibaki. Kilihama. Lakini watu walihama baada ya kusema masharti yao na kuyasikia yakisomwa kwa lugha yao. Makaburi hayakuguswa, na njia ya pwani iliachwa wazi kwa wavuvi wa pweza. Shangazi alimaliza muhula wake kwenye kiti cha nyuma, akiuliza maswali ambayo wa mbele hawakuyapenda, na uchaguzi uliofuata chama hakikumsimamisha. Alirudi Palma. Akina mama hufika barazani kwake kujifunza Kireno, na Bwana Bakari huwapelekea samaki kutoka Kionga.

Nilikwenda nikidhani cheo ndicho kinachompa mtu sauti. Mwambani niliona jinsi kinavyoweza kumnyamazisha, na anavyoipata tena akikiweka chini. Sokoni Mtwara wapo wanaosema Zuhura alianguka. Mimi huwajibu bila kuchoka kwamba nilikuwepo, na niliyemwona alikuwa amesimama.