Kona Imepewa Jina la Mdogo Wangu, na Rimu Nilichagua Mimi

Admin, naomba jina langu lisionekane, na hata hili la mdogo wangu nimelibadilisha. Mimi ni mwanaume wa miaka arobaini na mbili, nina mke na watoto watatu, naishi Same mjini. Kwetu ni mlimani, Upare ya kusini, na mimi ndiye mtoto wa kwanza. Nyumbani nikisema neno kuhusu magari hakuna anayebisha, kwa sababu ndiye niliyetangulia kumiliki gari. Ninayoandika hapa hata mke wangu hayajui.

Gari letu la familia lilikuwa na rimu za chuma za kawaida, zimepindapinda kwa mawe ya barabara ya kwetu. Krismasi ilipokaribia nikaona siwezi kupanda nyumbani na gari la hivyo wakati ukoo mzima upo. Nikaenda Hedaru, nikapata rimu za spoti zilizotumika, zinang'aa, tundu tano kama zangu. Nikahesabu tundu, nikaridhika. Utaalamu wangu wote ulikuwa huo.

Fundi wa Same aliyezifunga aliniita nikiwa nimeketi nakunywa soda.

"Bosi, njoo uone. Tundu za boliti zinaingia, ila hili la katikati ni kubwa kuliko habu, hiki kitovu cha gari lako. Rimu inatakiwa ikalie hapa. Ikiachwa hivi inacheza, uzito wote unabebwa na boliti. Halafu nati zako ni za rimu za chuma, kwenye hizi hazikai."

"Sasa?"

"Tafuta ringi za kujazia hapo katikati, na nati zake. Mi sina, labda Moshi. Kwa leo nikurudishie za zamani. Kule mlimani si kwa kubahatisha."

"Wewe kaza. Nitashughulika baada ya sikukuu."

Akakaza. Njiani usukani ulikuwa unatetemeka. Niliongeza sauti ya redio.

Siku ya pili ya Krismasi mama alitaka kwenda kumwona dada yake kijiji cha chini. Mimi nilikuwa nimeshika sahani ya mbuzi, nikamrushia funguo mdogo wangu Daudi. Yeye ndiye dereva wa kweli kwetu, alikuwa anaendesha gari la abiria kutoka mlimani hadi Same na hajawahi kumkwaruza mtu. Dakika chache baadaye tukasikia kelele. Nilipofika kwenye kona, gari limelala ubavu, tairi ya mbele kushoto iko chini kwenye migomba. Mama alivunjika nyonga. Daudi alikuwa na mkwaruzo kwenye kiwiko tu, na watu wakawa wanautazama ule mkwaruzo kama kosa.

Nilishuka kwenye migomba, nikaiokota ile tairi. Tundu za nati kwenye rimu yake zilikuwa zimelika, zimekuwa kama yai. Nikajua pale pale. Juu yangu watu walikuwa wanasema Daudi amekata kona vibaya, amegonga ukingo, tairi ikang'oka. Daudi akanifuata, akaniambia, "Kaka, usukani ulitetemeka nikadhani ni mawe. Nadhani kweli nilikata vibaya. Nisamehe, nimeua gari lako."

Nikamwambia, "Yaishe."

Hilo ndilo neno nililosema. Gari lilipofikishwa kwangu nikang'oa rimu zote, nikazifunika gunia stoo, nikarudishia zile za chuma. Sikutetemeka. Nilifanya kama mtu anayefagia uwanja.

Mwezi uliofuata mwenyekiti wa kitongoji akatangaza msaragambo. Kwetu kazi ya kijiji ikitangazwa, kila nyumba inatoa mtu, na safari hii ilikuwa kupanua ile kona. Nilipanda kutoka Same na jembe langu. Akina mama walibeba mawe, wanaume tukachimba ukingo, toka asubuhi hadi jua la utosi. Wazee wakanishukuru kwa kutoka mbali, wakanikaribisha uji kwanza. Daudi alichimba bila kupumzika, viganja vikamchubuka, na hakuna aliyemwambia pole. Nilikuwa hatua tatu kutoka kwake. Tulichimba barabara ambayo haikuwa na kosa lolote, na mimi nilijua, nikachimba.

Sasa mama anatembea na magongo. Kanisani hapandi tena, wenzake wa kwaya wanamfuata nyumbani kumwimbia. Daudi alinyang'anywa lile gari la abiria. Abiria walisema hawapandi gari la aliyempindua mama yake. Anashinda shambani. Mimi nakula, nalala vizuri, naenda kazini. Ndugu zangu, hilo ndilo linalonitisha. Nasubiri niumie na siumii. Nikiwaza naona kama ni habari za mtu mwingine.

Juzi Daudi amenipigia. Mwenye gari amemwambia atamrudishia kazi ikiwa mimi kaka yake, ninayejua magari, nitakwenda kumdhamini. Jumapili anashuka tuende wote. Kasema, "Kaka, wewe usinitetee. Mwambie tu nilikosea mara moja, na sitarudia."

Anataka niende nikaseme hivyo kwa kinywa changu. Nikisema, atapata kazi, na kosa litakuwa lake mpaka anakufa. Nikisema ukweli, mama atajua kwamba nyonga yake niliivunja mimi kwa sababu ya kung'aa, na kwamba nilimwacha mwanawe achimbe mbele ya kijiji kizima. Na ile kona, watoto wa shule wameshaipa jina. Makondakta nao siku hizi wanauliza, "Nani anashuka Kona ya Daudi?"

Rimu bado zipo stoo chini ya gunia. Nyinyi mnaosoma, niambieni bila kunionea haya: Jumapili nizipakie niende nazo, au niende mikono mitupu?